Hazina, Benki Kuu na Wachumi wa Mlimani: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara Kuhusu Waliounda Uchumi wa Tanzania

Ukurasa huu unawahusu akina nani?

Unawahusu watumishi wa umma na wachumi walioshika Hazina, Benki Kuu na Idara ya Uchumi ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam (Mlimani) tangu Uhuru hadi mwanzoni mwa miaka ya 2000. Hotuba za wanasiasa wa wakati huo zinajulikana. Mezani kwa Katibu Mkuu wa Hazina kulitokea nini siku ya pili, hilo halijulikani sana. Njia tuliyoichagua ni kufuata fedha za kigeni: zilipatikanaje, nani alizigawa, na nani alirudi mikono mitupu. Ukishika uzi huo, mambo mengi yanayoonekana kama ugomvi wa itikadi yanasomeka vizuri zaidi.

Kabla ya 1966 noti zetu zilitolewa na nani?

Na Bodi ya Sarafu ya Afrika Mashariki, iliyoundwa 1919. Makao yake yalikuwa London hadi yalipohamishiwa Nairobi mwaka 1960. Bodi haikuwa benki kuu. Ilifanya kazi ya dirisha la kubadilishia fedha: ukilipa pauni moja London, unapewa shilingi 20 huku; ukirudisha shilingi 20, unapata pauni yako. Karibu kila shilingi ilipaswa kuwa na pauni nyuma yake, kwa hiyo serikali haikuweza kujikopesha kwa kuchapa noti, isipokuwa kwa kiwango kidogo kilichoruhusiwa katika miaka ya 1950.

Mfumo huo uliilinda thamani ya fedha, lakini uliuacha uchumi bila ngao. Bei ya mkonge ilipoanguka baada ya 1964, mapato yalipungua mashambani Tanga na fedha katika mzunguko zikapungua nayo, na hapakuwa na ofisi yoyote nchini yenye mamlaka ya kupunguza makali hayo.

Ni kweli Mjerumani ndiye aliyeandika ripoti ya kwanza kuhusu mfumo wetu wa fedha?

Ni kweli. Erwin Blumenthal, afisa wa benki kuu ya Ujerumani Magharibi, aliandika ripoti juu ya mfumo wa fedha wa Tanganyika na mustakabali wake mwaka 1963. Wasomaji wetu wa Kongo wanalijua jina hilo kwa sababu nyingine: ni yeye yule aliyepelekwa na Shirika la Fedha la Kimataifa kwenye Benki Kuu ya Zaire mwaka 1978, akaondoka mwaka uliofuata, na mwaka 1982 akaandika ripoti iliyosema wazi kwamba wadai wa Zaire wasitarajie kulipwa. Ushauri wake ulifika Dar es Salaam na Kinshasa, lakini Hazina zilizoupokea hazikufanana.

Benki Kuu ilijengwaje kwa mwaka mmoja tu?

Juni 1965 Tanzania, Kenya na Uganda zilitangaza kwamba kila moja itakuwa na benki kuu yake. Sheria ya Benki Kuu ya Tanzania ilipitishwa Desemba mwaka huohuo, na milango ikafunguliwa tarehe 14 Juni 1966. Gavana wa kwanza, Edwin Mtei, alitoka Hazina alikokuwa Katibu Mkuu, na alikuwa hajatimiza miaka 34.

Kazi zenyewe zilikwenda sambamba. Ilibidi noti ziagizwe (za shilingi 5, 10, 20 na 100) pamoja na sarafu (senti 5, 20 na 50, na shilingi 1). Ilibidi thamani ya shilingi isajiliwe kwa dhahabu, kama sheria za kimataifa za wakati huo zilivyotaka: gramu 0.124414. Dola ilikuwa gramu 0.888671, na ukigawanya unapata shilingi 7.14 kwa dola. Ilibidi pia mgawo wa Tanzania katika mali za Bodi ya Sarafu udaiwe, na vijana wafundishwe kusimamia mabenki ambayo mameneja wake walizoea kupokea maagizo kutoka London.

Mtihani ulikuja mapema. Novemba 1967 Uingereza ilishusha pauni kutoka dola 2.80 hadi 2.40. Chini ya Bodi ya zamani shilingi ingeshuka nayo bila mtu yeyote huku kuulizwa. Nchi zote tatu zilikataa kufuata, na pauni ikawa shilingi 17.14 badala ya 20. Huo ulikuwa uamuzi wa kwanza mkubwa wa thamani ya fedha kufanywa Afrika Mashariki kwa hiari ya Afrika Mashariki yenyewe.

Wachumi walishauri kutaifisha mabenki mwaka 1967?

Uamuzi ulikuwa wa kisiasa. Azimio la Arusha lilitangazwa tarehe 5 Februari 1967, na siku iliyofuata ikatangazwa kwamba mabenki yanataifishwa. Wataalamu waliitwa kuufanya uamuzi uwezekane, nayo si kazi ndogo. Amon Nsekela, aliyewahi kuwa Katibu Mkuu wa Hazina, alikabidhiwa Benki ya Taifa ya Biashara (NBC). Ndani yake zilimiminwa benki zilizokuwa na vitabu tofauti, fomu tofauti, viwango tofauti vya riba na wateja waliozoeana na mameneja wao. Wageni wengi waliondoka, na makarani wa jana wakawa mameneja wa matawi.

Tunaona jambo moja halisemwi vya kutosha: Benki Kuu ilikuwa na umri wa miezi minane tu. Bila hiyo, kutaifisha kungekuwa kukamata majengo huku amana zikikimbilia London. Fidia kwa wenye mabenki ilijadiliwa na ikalipwa, jambo lililosaidia barua za dhamana za NBC, yaani ahadi za benki kumlipa mwuzaji wa nje, zikubalike nje.

Kasoro ilijitokeza taratibu. Benki moja ilipobaki peke yake, mikopo ilianza kufuata maagizo. Mamlaka za mazao na mashirika ya umma yalichukua mikopo ya msimu, yakashindwa kurejesha, yakapewa mingine. Hesabu kati ya matawi nazo zilirundikana miaka mingi bila kusuluhishwa.

Fedha za kigeni ziligawanywaje hasa?

Hapa ndipo pa kusoma polepole. Tangu miaka ya 1970 mwanzoni hadi katikati ya miaka ya 1980 utaratibu ulikuwa hivi, kwa ufupi:

1. Benki Kuu inakadiria mapato ya mwaka kutokana na kahawa, pamba, mkonge, korosho, chai, karafuu, misaada na mikopo.
2. Yanaondolewa kwanza yasiyokwepeka: mafuta, madeni, na katika miaka ya njaa, nafaka.
3. Kinachobaki kinagawanywa kwa wizara na sekta na kamati yenye Hazina, Mipango na Benki Kuu.
4. Wizara inagawa kwa mashirika yake. Kiwanda kinaomba kibali cha kuagiza.
5. Kikipata kibali kinakwenda NBC kufungua barua ya dhamana, na kuweka shilingi.
6. Benki Kuu inatoa dola, zikiwepo.

Tatizo lilikaa kati ya hatua ya tano na ya sita. Kibali kilikuwa ahadi, na ahadi zilitolewa nyingi kuliko dola. Mwuzaji wa nje aliyecheleweshwa malipo mara mbili alitaka dhamana ya benki ya Ulaya, gharama ikapanda. Mashirika yalijifunza kuomba mara mbili ya mahitaji kwa kujua yatakatwa nusu, na kamati ikajifunza kukata bila kusoma. Mashine mpya zilipata wafadhili kirahisi, lakini vipuri havikuwa na mfadhili. Ndiyo maana kufikia mwanzo wa miaka ya 1980 viwanda vingi vilikuwa vikizalisha chini ya theluthi moja ya uwezo wake huku nchi ikiendelea kujenga vingine.

Waliokaa kwenye kamati hizo walikuwa watu wenye akili na wengi wao waadilifu. Utaratibu wenyewe uliwataka wajue ni kiwanda gani kinahitaji beringi gani mwezi gani, na hakuna kamati duniani inayojua hilo.

Akiba ya fedha za kigeni ya 1977 ilikwenda wapi?

Baridi kali ya Brazil ya Julai 1975 iliua mibuni, na bei ya kahawa ikafika kileleni mwaka 1977. Akiba ya Tanzania ikajaa kuliko ilivyozoeleka. Benki ya Dunia ilihimiza masharti ya kuagiza bidhaa yalegezwe, na yakalegezwa. Bei ya kahawa ilirudi chini, maagizo yaliyokwishatolewa yakaendelea kudai malipo, na kufikia mwisho wa 1978 akiba ilikuwa imekwisha. Juu ya hapo Jumuiya ya Afrika Mashariki ilivunjika mwaka 1977, na Tanzania ikalazimika kuanzisha upya shirika lake la ndege, la reli, la bandari na la posta. Majeshi ya Idi Amin yakaingia Kagera Oktoba 1978. Na bei ya mafuta ikapanda tena 1979.

Watu hubishana kama kosa lilikuwa la Washington, yaliko makao ya Benki ya Dunia, au la Dar es Salaam. Kulegeza kulipofanywa bila kugusa thamani ya shilingi, vitu vya nje vilibaki rahisi na kila mwenye kibali aliagiza. Wote wawili waliijua hesabu hiyo.

Kwa nini Mtei alijiuzulu Desemba 1979?

Baada ya ugavana (1966–1974) Mtei alikuwa Katibu Mkuu wa Jumuiya ya Afrika Mashariki, kisha Waziri wa Fedha tangu 1977. Alijadiliana na Shirika la Fedha la Kimataifa (IMF) juu ya mkopo, na masharti yake yalihusu kushusha thamani ya shilingi na kubana matumizi. Rais Nyerere aliyakataa, na Mtei akaondoka. Siku ya mwaka mpya 1980, mbele ya mabalozi, Nyerere aliuliza IMF imekuwa lini Wizara ya Fedha ya dunia nzima.

Amir Jamal alirudi Hazina kwa mara ya tatu. Mwaka 1980 aliongoza mkutano mkuu wa magavana wa IMF na Benki ya Dunia kama mwenyekiti, na Septemba Tanzania ikasaini mkataba na IMF. Haukufika mbali: viwango vya mikopo ya serikali vilivukwa ndani ya miezi michache na fedha zikasimamishwa. Wasomaji wengi hudhani kati ya 1979 na 1986 hapakuwa na mazungumzo. Yalikuwepo karibu kila mwaka.

Mbona shilingi haikushushwa mapema?

Hofu haikuwa ya kijinga. Walioikataa hatua hiyo walisema: mkulima wa kahawa hawezi kuongeza mibuni kwa msimu mmoja, kwa hiyo mauzo hayatapanda, kinachopanda ni bei ya mafuta, dawa na vipuri, na mshahara wa mjini utaliwa. Kwa muda mfupi walikuwa sahihi kwa kiasi kikubwa.

Hesabu iliyowashinda ni hii. Mwaka 1985 dola rasmi ilikuwa kama shilingi 17. Kwa walanguzi ilizidi 100. Chukua kahawa inayouzwa nje kwa dola 2 kwa kilo, kwa mfano. Kwa bei rasmi inaleta shilingi 34, na kabla ya kumfikia mkulima inakatwa gharama za mamlaka ya zao, usafiri na kodi. Ileile ikivushwa mpaka kwa magendo inaleta zaidi ya 200. Upande wa pili, aliyepewa dola moja ya serikali kwa shilingi 17 anaagiza kitu atakachokiuza kwa zaidi ya 100. Tofauti ya shilingi 83 na zaidi haikuingia Hazina wala kwa mkulima. Iliingia kwa mwenye kibali. Kila siku shilingi iliyobaki 17, kibali kiligeuka kuwa mali kuliko kiwanda.

Serikali ilijaribu kwanza kupambana na dalili. Machi 1983, Edward Sokoine akiwa Waziri Mkuu, ilianza kampeni dhidi ya wahujumu uchumi. Zaidi ya watu elfu moja walikamatwa na bidhaa zilizofichwa zikatolewa maghalani. Maduka yalipata vitu kwa wiki chache. Kisha vikapotea zaidi, kwa sababu aliyekuwa na katoni ya sabuni aliogopa kuonekana nayo. Kampeni ilikamata waliokuwa wakila tofauti ile ya bei bila kuiondoa tofauti yenyewe.

Ni Mwinyi aliyefungua uchumi?

Sifa ya "Mzee Ruksa" ni yake kwa haki, lakini mlango ulifunguliwa nusu katika bajeti ya Juni 1984, Nyerere akiwa bado Ikulu na Cleopa Msuya Hazina. Bajeti hiyo iliondoa ruzuku ya sembe, ikapandisha bei za mazao, ikashusha shilingi, na ikaruhusu mtu kuagiza bidhaa kwa fedha zake za kigeni bila kuulizwa alizipata wapi. Kifungu hiki cha mwisho kilikuwa cha kitaalamu sana kuliko kinavyosikika. Kilikubali kimyakimya kwamba dola zimo mikononi mwa watu, kikazirudisha nchini zikiwa sabuni, vitenge, matairi na magari ya mizigo, bila serikali kutamka neno "soko huria". Zanzibar nayo ilikuwa imeshaanza kulegeza biashara Mwinyi alipokuwa Rais wake mwaka 1984.

Yaliyofuata chini ya Mwinyi na Msuya yalikuwa makubwa zaidi: Juni 1986 dola ilipandishwa kutoka shilingi 17 hadi 40, Agosti mkataba na IMF ukasainiwa, na Septemba wadai wa Klabu ya Paris, kundi la serikali zinazokopesha, wakakubali kupanga upya madeni. Shilingi iliendelea kuteremka kwa hatua ndogondogo. Kufikia mwisho wa 1990 dola ilikuwa karibu 197.

Wachumi wa Mlimani walikuwa upande gani?

Pande zote, na hilo ndilo lililokuwa na manufaa. Ofisi ya Utafiti wa Uchumi iliyoanzishwa chuoni miaka ya 1960, ikiongozwa mwanzoni na Gerald Helleiner kutoka Kanada, ilikuwa tayari na rundo la takwimu. Justinian Rweyemamu alitoka chuoni kwenda kuwa mshauri wa Rais, na mkakati wa viwanda vya msingi una alama yake. Profesa Kighoma Malima, naye wa Mlimani, alipinga masharti ya IMF akiwa ndani ya Baraza la Mawaziri. Benno Ndulu na Ibrahim Lipumba walikuwa miongoni mwa waliosema, katika warsha za katikati ya miaka ya 1980, kwamba thamani ya shilingi lazima irekebishwe. Maneno yaleyale yalipotoka Washington yalikuwa matusi. Yalipotoka kwa vijana wa Mlimani wenye jedwali za bei za mkulima, yalisikilizwa.

Lipumba baadaye alikuwa mshauri wa uchumi wa Rais Mwinyi. Ndulu alikuwa Gavana tangu 2008 hadi 2018. Fedha za simu zilipoingia nchini wakati wake, hapakuwa na sheria inayozihusu. Benki Kuu ilizipa kampuni barua za kutokuwa na pingamizi, kwa sharti kwamba fedha za wateja zikae benki kwenye akaunti ya amana, na sheria ya mifumo ya malipo ikaja 2015. Huduma ilitangulia, kanuni ikafuata.

Tume ya Nyirabu ndiyo ile ya vyama vingi?

Hapana. Iliyohusu vyama ni ya Jaji Mkuu Francis Nyalali. Charles Nyirabu, Gavana kwa miaka 15 (1974–1989), aliongoza tume ya mabenki. Matokeo yake ni sheria ya mabenki ya 1991 iliyoruhusu benki binafsi. Mwaka 1992 maduka ya kubadilishia fedha yalihalalishwa, na bei ya dola ikabandikwa dirishani mchana kweupe. 1993 ukaja mnada wa fedha za kigeni, na 1994 soko la mabenki kuuziana fedha hizo. Kamati ya kugawa dola ikakosa kazi. NBC iligawanywa 1997, na humo ikazaliwa benki ya NMB.

Kwa nini TRA ilianzishwa?

Mwishoni mwa 1994 wahisani walisimamisha misaada, sababu kubwa ikiwa misamaha ya kodi iliyotolewa ovyo na kodi zisizokusanywa. Mfumuko wa bei ulikuwa umezidi asilimia 30. Mamlaka ya Mapato (TRA) ilianza kazi Julai 1996, ikiunganisha idara za forodha, kodi ya mapato na kodi ya mauzo zilizokuwa zikifanya kazi kila moja kivyake. Kodi ya ongezeko la thamani ilifuata Julai 1998 kwa asilimia 20.

Hazina ya awamu ya Mkapa iliongeza bajeti ya fedha taslimu: kila mwezi matumizi yasizidi makusanyo. Mfumuko ulishuka chini ya asilimia 10 kufikia 1999. Ugonjwa wake ni malimbikizo. Wizara ilinyimwa fedha lakini haikunyimwa kitabu cha hati za ununuzi, kwa hiyo iliagiza kwa mkopo na mzabuni akasubiri. Dawa ilikuwa kuweka kufuli mapema zaidi, yaani mfumo wa kompyuta usiotoa hati ya ununuzi kama kasma, yaani fungu la bajeti, haina salio. Hati iliyoandikwa kwa mkono nje ya mfumo ndiyo iliyobaki kuwa tundu.

Zanzibar inaingia wapi?

Sarafu, mabenki na fedha za kigeni viliongezwa kwenye mambo ya Muungano mwaka 1965, mwaka mmoja baada ya Muungano wenyewe, ili Benki Kuu iwezekane. Zanzibar ilibaki na bajeti yake, Hazina yake, na tangu 1966 Benki ya Watu wa Zanzibar. Mgogoro juu ya mgawo wa faida ya Benki Kuu una mizizi hapo.

Nataka kusoma takwimu mwenyewe. Nijihadhari na nini?

Anza na Hali ya Uchumi wa Taifa, hotuba za bajeti na Hansard (kumbukumbu za Bunge) za Juni, pamoja na taarifa za mwaka za Benki Kuu. Mwaka wa serikali huanza 1 Julai, kwa hiyo "1984/85" si mwaka wa kalenda. Pato la Taifa katika majedwali mengi ni la Tanzania Bara tu. Mwaka wa msingi wa bei umebadilishwa mara kadhaa (1966, 1976, 1992, 2001, 2007, 2015), na kuunganisha mifululizo miwili bila mwaka unaoingiliana kunazaa ukuaji ambao haukutokea.

Mtego mbaya kuliko yote ni pato kwa dola. Ukigawanya pato la 1985 kwa 17 na la 1987 kwa zaidi ya 60, utaona nchi imefilisika ndani ya miaka miwili, wakati kwa bei za kudumu, yaani zilizoondolewa mfumuko, uzalishaji ulikuwa unapanda. Tumia bei za kudumu za shilingi. Na madeni ya mashirika ya umma kwa NBC hayamo katika nakisi ya bajeti ya miaka hiyo. Yatafute kwenye hesabu za benki, kisha kwenye hatifungani ambazo serikali ilitoa kuyafidia.